Maji, Mnyoo na Mahdi: Dini ya Wafremeni katika Dune

Shikamooni wazee wetu mliokaa mbele. Nanyi vijana wa karibu na mlango, hamjambo?

Nimeombwa nizungumzie dini za kubuni katika hadithi za anga za mbali, na nimeambiwa nisipitilize muda. Basi nitaziacha sayari nyingine zote nibaki na moja: Arrakis, ya riwaya ya Dune aliyoiandika Mmarekani Frank Herbert, ikachapishwa mwaka 1965. Waliotazama filamu tu wameona mchanga na visu. Dini yenyewe imo zaidi kitabuni, na sehemu yake tamu imefichwa kwenye viambatisho vya mwisho ambavyo wasomaji wengi huviruka.

Binadamu wametapakaa kwenye nyota. Zamani zao walipigana vita vya kuangamiza mashine zinazofikiri, na amri iliyobaki ni kwamba usiunde mashine kwa mfano wa akili ya mtu. Baada ya vita hivyo wajumbe wa dini kubwa walikaa pamoja, wakavutana miaka saba, wakatoka na kitabu kimoja kitakatifu cha wote. Mapema kabisa, daktari wa nyumba anampa kijana Paul Atreides, mhusika mkuu wa riwaya, nakala yake ya kale, iliyotengenezwa kwa ajili ya wasafiri wa anga: haizidi ncha ya kidole gumba, ina kurasa 1,800, na haisomeki bila kioo cha kukuzia. Hiyo ndiyo dini ya wakubwa. Kuna askari mmoja mpiga ala anayeinukuu kila akifungua kinywa. Mimi haijanigusa sana.

Inayonivuta ni ya Wafremeni, watu wa jangwani, kwa sababu ina asili mbili.

Asili ya kwanza ni uongo. Ipo jumuiya ya wanawake, Bene Gesserit, yenye tawi maalumu la kusambaza ngano na unabii kwenye sayari za pembeni: kwamba siku moja atakuja mama kutoka nje pamoja na mwanawe, na mwana huyo atakuwa mkombozi. Wamejiwekea akiba. Mwenzao akija kukwama huko karne nyingi baadaye, atamke maneno yanayotakiwa, wenyeji wamhifadhi.

Sasa mtazameni Bibi Jessica, mama yake Paul, siku zake za mwanzo Arrakis. Mtumishi wa nyumba, mama mtu mzima aitwaye Mapes, anamtolea kisu cha jino la mnyoo wa mchangani na kumuuliza kama anajua maana yake. Jessica anatambua kuwa anapimwa, na kwamba akikosea kisu hicho kitatumika. Anakusudia kujibu, “Ni muumba mauti.” Anafika “Ni muumba—” tu, Mapes anapiga yowe, la uchungu na la furaha kwa pamoja. Kumbe Muumba ndiye yule mnyoo, na jibu lilikwisha timia palepale. Jessica anameza neno lililobaki.

Mtasema ni utapeli. Kwa upande wa Jessica, ndiyo. Lakini lile yowe la Mapes halikupandwa na mtu.

Asili ya pili ni maji. Arrakis hainyeshi. Wafremeni huvaa mavazi yanayonasa jasho na mkojo na kuuchuja wapate kunywa. Maiti hutolewa maji, na maji hayo huwa mali ya jamaa nzima. Stilgar, kiongozi wao, anafika mbele ya mtawala mpya na kutema mate mezani. Watu wanakaribia kumrukia! Duncan Idaho, mtu wa mtawala huyo aliyekwisha kuishi na Wafremeni, anamshukuru kwa zawadi ya unyevu wa mwili wake, kisha naye anatema. (Kicheko ukumbini.) Wamasai mliomo humu hamcheki, nawaona. Baraka ya mate mnaijua.

Baadaye Paul anamuua Mfremeni aitwaye Jamis katika pambano la visu, na kwenye mazishi machozi yanamtoka. Pango linanong’ona: anampa marehemu maji. Vidole vinanyooshwa kugusa shavu lake lililolowa. Mstari huo haumo katika unabii wowote wa kupandikizwa, nami naamini hapo ndipo alipowapata.

Herbert alikuwa mwandishi wa habari. Mwaka 1957 alikwenda Florence, Oregon, kuandika habari za nyasi zilizopandwa ili kuzuia mchanga unaohama. Jangwa lake alilitoa huko; majina ya dini aliyachota mbali zaidi, na likitajwa jina Mahdi, ambalo Wafremeni wanampa Paul kama mkombozi wao, kwetu hakuna anayehitaji kamusi. Sudan, Muhammad Ahmad alijitangaza Mahdi mwaka 1881, na Januari 1885 wafuasi wake wakauteka Khartoum. Nina kinyongo kidogo hapa: msamiati wa Uislamu umejaa kitabu kizima, ilhali Mwislamu mwenyewe humwoni.

Naye Mahdi wa Arrakis? Katika kitabu cha pili, cha 1969, Paul anajihesabia mwenyewe: watu bilioni 61 wameuawa kwa jina lake, na wafuasi wa dini 40 wamefutwa. Anayataja kama karani anayesoma daftari la ghala. Bene Gesserit walitaka njia ya kujiokoa, wakapata hilo.

Swali lililoletwa kwa kikaratasi: je, dini hii ina Mungu? Ina Shai-Hulud, yule mnyoo, ambaye anaweza kupita urefu wa mita 400. Kwake hutoka kiungo, aina ya kikolezo, kinachowezesha safari za nyota. Na maji ni sumu kwake. Hapo hapo mtaalamu wa mazingira, Pardot Kynes, aliwafundisha Wafremeni kuitamani nchi ya miti na mito, akawaambia itachukua miaka 300 hadi 500. Wakaipokea kama ahadi ya pepo. Wakaanza kuficha maji chini ya ardhi, na bwawa moja analoonyeshwa Paul lina zaidi ya lita milioni 380. Mwenye kiu hufika hapo asiyaguse.

Wanaomba mambo mawili, basi: Shai-Hulud adumu, na jangwa liwe kijani. La pili likikubaliwa, la kwanza limekufa. Katika kitabu cha tatu, cha 1976, kijani kimeanza kutanda, minyoo iko hatarini, na Stilgar, mzee sasa, anasikitika kwamba vijana hawachungi tena maji.