Kilichovunjika Ni Koleo au Ni Mkono?

Ndugu Mwenyekiti, walimu wangu na ndugu wanafunzi,

Wahenga walisema kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Tumezoea kuitumia methali hii kumpoza aliyefilisika au aliyefeli mtihani, lakini nadhani tunaitumia kwa haraka mno, kwa sababu haimwahidi mhunzi kwamba mambo yatanyooka yenyewe. Inamtaka kwanza akague, ajue kilichovunjika ni koleo wala si mkono wake. Huko kukagua ndiko ninakokuita tafakari, na mfano wangu unatoka katika riadha.

Mwaka 2003, jijini Paris, Eliud Kipchoge wa Kenya, akiwa na miaka 18, aliwashinda Hicham El Guerrouj wa Moroko na Kenenisa Bekele wa Ethiopia katika mita 5,000, akawa bingwa wa dunia. Akapata shaba ya Olimpiki Athens mwaka 2004 na fedha Beijing mwaka 2008. Kisha, katika mchujo wa kuteua timu ya Olimpiki ya London mwaka 2012, akakosa nafasi katika mita 5,000 na mita 10,000 vilevile. Alikuwa na miaka 27, umri ambao mkimbiaji wa uwanjani huanza kuambiwa kwamba zama zake zimepita.

Naomba tutue hapa kidogo. Aliyepatwa na hayo angeweza kusema, "Nimekwisha," au angeweza kuuliza ni nini hasa kilichokwisha. Mita 5,000 mara nyingi huamuliwa na mzunguko wa mwisho, ambapo mwenye kasi ya ghafla humpita mwenye pumzi nyingi. Na kasi hiyo ndiyo hupungua mapema, ilhali ustahimilivu wa masafa marefu huendelea kukomaa. Koleo lilikuwa limevunjika, mkono ulikuwa mzima. Mwaka huohuo alikimbia nusu marathoni huko Lille kwa dakika 59 na sekunde 25, na Aprili 2013 akashinda marathoni yake ya kwanza, Hamburg, kwa saa 2:05:30. Yaliyofuata mnayajua, tangu dhahabu ya marathoni katika Olimpiki ya Rio mwaka 2016 hadi rekodi ya dunia ya wakati huo, saa 2:01:09, huko Berlin mwaka 2022.

Kinachonivutia kuliko medali hizo ni madaftari. Kipchoge huandika mazoezi yake, na madaftari hayo ameyatunza kwa miaka mingi. Mtu wa namna hiyo, siku anaposhindwa, ana mahali pa kutazama. Wengi wetu tunapoanguka hatuna cha kufungua ila hasira, na hasira, mniwie radhi, ni shahidi mwongo.

Lakini hakuwa peke yake. Alikuwa na kocha, Patrick Sang, mshindi wa fedha ya Olimpiki ya mwaka 1992, na kambi ya mazoezi ya Kaptagat, Kenya. Ndiyo maana siwezi kumwambia mama lishe aliyebomolewa kibanda kwamba abadili mtazamo tu. Yeye anahitaji mtaji na mahali pa kuuzia.

Tena si kila pigo huzaa fursa. Katika Olimpiki ya Paris ya mwaka 2024, Kipchoge, wakati huo mwenye miaka 39, alishikwa na maumivu ya mgongo, akaacha mbio baada ya kilomita 30 hivi, akatembea huku akiwagawia mashabiki wa kando ya barabara viatu vyake na fulana yake. Safari hii kilichogoma kilikuwa mkono wa mhunzi mwenyewe, na hakuna mtazamo ambao ungemfikisha kwenye utepe.