Maduara ya Mawe ya Kale: Siri Iko Juu Angani au Chini Udongoni?

ZUHURA: Karibuni, wasikilizaji. Mimi ni Zuhura, na niko na mwenzangu Mwalimu Kombo. Leo tunazungumzia maduara ya mawe ya kale, na ningependa kuanza na hadithi mbili. Karibu na Kalokol, kando ya Ziwa Turkana kaskazini mwa Kenya, kuna nguzo 19 za mawe meusi ya volkano mahali panapoitwa Namoratunga, na wenyeji husimulia kwamba nguzo hizo zilikuwa watu waliokuwa wakicheza ngoma, kisha wakageuzwa mawe. Huko Cornwall, kusini-magharibi mwa Uingereza, kuna duara liitwalo Merry Maidens, nalo lina mawe 19, na hadithi yake ni ya wasichana waliogeuzwa mawe kwa kosa la kucheza ngoma siku ya Jumapili. Mwalimu, hadithi zinafanana na idadi ni ile ile. Nikisema kuna siri hapa, nitakuwa nimepotoka?

KOMBO: Umepotoka, dada Zuhura, ila umepotea njia ambayo wataalamu wakubwa wamewahi kuipotea. Hata mimi ningeweza kukuongezea chambo: mwezi hurudia sura zake katika tarehe zile zile kila baada ya miaka 19. Anayetaka kukuuzia nadharia ya wanafalaki wa kale waliosambaa dunia nzima ameshapata mtaji. Lakini baadhi ya mawe ya Merry Maidens yalisimamishwa upya katika karne ya 19, kwa hiyo hesabu tunayoiona leo imepita mikononi mwa warekebishaji. Na hiyo ngoma, je, mtu akiona mawe yenye kimo cha binadamu yamesimama yakitazamana kwa kuzunguka, atawaza nini kingine?

ZUHURA: Basi tubaki hapo Namoratunga, kwa sababu najua pana kisa kinachokukera.

KOMBO: Hakinikeri, kinanifurahisha. Mwaka 1978 watafiti wawili, Lynch na Robbins, walitangaza kwamba nguzo hizo zilipangwa kuelekea mahali zilipokuwa zikichomoza nyota zinazotumika katika kalenda ya Waborana, wafugaji wa kaskazini mwa Kenya na kusini mwa Ethiopia, na wakakadiria kwamba zilisimamishwa mnamo mwaka 300 K.K. Ilikuwa habari kubwa, na ilistahili kuwa kubwa, kwa kuwa wakati ule wengi walidhani elimu ya nyota haikuwahi kukanyaga sehemu hii ya Afrika. Kisha mwanaakiolojia Robert Soper akaenda kupima tena, akagundua jambo moja dogo: mawe yenyewe yana sumaku. Ukiisogeza dira karibu na nguzo, mshale unaacha kuelekea kaskazini na kufuata jiwe. Baadhi ya vipimo vya mwanzo, kwa hiyo, vilikuwa vimepotoshwa na kitu kile kile kilichokuwa kinapimwa.

ZUHURA: Yaani jiwe lilimdanganya aliyekuja kulisoma.

KOMBO: Lilimdanganya mchana kweupe. Na hata pasingekuwa na sumaku, hesabu ingetosha kututia shaka. Chukua nguzo 19. Ukiunganisha kila nguzo na kila nyingine kwa mstari, unapata mistari 171, na kila mstari una ncha mbili, jumla mielekeo 342. Upeo wa macho mzima una digrii 360. Maana yake ni kwamba una karibu mwelekeo mmoja kwa kila digrii, na nyota yoyote utakayoichagua haitakosa mstari wa kuipokea. Baadaye, uchunguzi wa kaboni, unaopima umri wa mabaki, ulionyesha kwamba mahali hapo ni pa kale zaidi, miaka ipatayo 5,000, na katika muda huo nyota hazichomozi tena pale pale, kwa hiyo hesabu ya mwaka 300 K.K. ilikosa mahali pa kusimama.

ZUHURA: Lakini, Mwalimu, usije ukatufunga macho tusiangalie juu kabisa. Stonehenge je, lile duara maarufu la mawe makubwa la kusini mwa Uingereza? Kila mwaka watu humiminika pale kuangalia jua likichomoza katika siku iliyo ndefu kuliko zote.

KOMBO: Hapo nakubali, na sababu ya kukubali ni tofauti. Pale Stonehenge hatuhitaji kuchagua mstari mmoja kati ya mamia. Mpango mzima wa jengo una mhimili mmoja, na barabara ya kale yenye tuta kila upande inaendelea nje ya duara katika mhimili huo huo. Ukisimama katikati na kutazama kaskazini-mashariki, unaelekea jua linapochomoza katikati ya kiangazi. Ukigeuka, unaelekea linapotua katikati ya majira ya baridi. Mtafiti William Stukeley aliuona mwelekeo huo tangu miaka ya 1720. Tatizo lilikuja pale watu walipotaka zaidi. Mwaka 1963 mwanafalaki Gerald Hawkins aliingiza mawe hayo katika kompyuta, na hatimaye akadai kwamba hata mashimo 56 yaliyozunguka duara yalikuwa chombo cha kubashiri kupatwa kwa mwezi. Ndani ya mashimo hayo, wachimbaji walikuwa wamekuta mifupa ya watu iliyochomwa.

ZUHURA: Kwa hiyo kompyuta ilihesabu mashimo bila kuuliza kilichomo ndani.

KOMBO: Ndiyo malalamiko yangu, na ndiyo sababu nilipendekeza mazungumzo haya. Tumezoea kuyauliza mawe maswali, nayo hayana maandishi. Waliozungumza ni meno, vyungu, makaa na mifupa. Stonehenge ilianza mnamo mwaka 3000 K.K. kama handaki na tuta la mviringo, na kwa karne kadhaa ilikuwa mahali pa kuzika majivu ya wafu, kabla ya yale mawe makubwa tunayoyaona kwenye picha kusimamishwa mnamo mwaka 2500 K.K.

ZUHURA: Ninayo shauku ya kujua jinsi walivyoyainua, maana wastani wa uzito ni tani 25 kwa jiwe moja.

KOMBO: Jinsi ya kuyainua inawezekana kwa kamba, magogo, mtelemko wa udongo na watu wengi wenye subira, na sidhani tunahitaji kulala hapo. Mimi huvutiwa zaidi na yale yaliyofanyika juu kabisa ya nguzo. Wajenzi walichonga ulimi wa jiwe ukatokeza kwenye kichwa cha nguzo, wakatoboa tundu chini ya jiwe la kulala juu yake, vikaingiana kama seremala anavyounga mguu wa meza. Mawe yanayolala yakaunganishwa ubavu kwa ubavu kwa mfereji na ukingo. Jiwe halihitaji maungo hayo, uzito wake pekee ungeweza kulishikilia. Hayo ni mazoea ya mafundi wa mbao, waliotumia mikono yao iliyozoea mti kufanya kazi ya jiwe.

ZUHURA: Hiyo inanikumbusha Ramilisonina.

KOMBO: Mwelezee msikilizaji.

ZUHURA: Ramilisonina ni mwanaakiolojia wa Madagaska. Katika miaka ya 1990 mwenzake Mwingereza, Mike Parker Pearson, alimtembeza kwenye mawe ya kale ya kusini mwa Uingereza, na Ramilisonina akashangaa kusikia kwamba watu wanabishana kuhusu maana yake. Kwao, mti ni wa walio hai kwa sababu unaoza kama wao, na jiwe ni la wahenga kwa sababu linadumu. Mwaka 1998 wawili hao waliandika kwamba huenda Stonehenge ilikuwa makazi ya wafu, na maduara ya magogo yaliyokuwa umbali wa kilomita tatu hivi, eneo la Durrington Walls, yalikuwa upande wa walio hai. Kuna waliokasirika, wakisema desturi ya kisiwa cha Bahari ya Hindi haiwezi kueleza watu walioishi kwingine miaka 4,500 iliyopita.

KOMBO: Nao walikuwa na haki ya kuuliza. Mfano si ushahidi. Lakini mfano mzuri hukuelekeza mahali pa kuchimba, na walipochimba Durrington Walls walikuta nyumba zenye sakafu za chokaa na mahali pa moto, na mifupa ya nguruwe kwa maelfu. Meno yalionyesha kwamba wengi wa nguruwe hao walichinjwa wakiwa na umri wa miezi tisa hivi. Nguruwe aliyezaliwa majira ya kuchipua akichinjwa kwa miezi tisa, karamu inaangukia katikati ya baridi. Sasa rudi kwenye ule mhimili: huenda watu wa leo, wanaokusanyika kiangazi, wanageukia upande usio sahihi.

ZUHURA: Na nguruwe wenyewe hawakutoka karibu.

KOMBO: Uchunguzi wa kikemia uliotolewa mwaka 2019 ulionyesha kwamba baadhi yao walikulia sehemu za mbali za kisiwa cha Britania, pengine hadi Uskoti. Na mawe yanaimba wimbo huo huo. Mawe makubwa yalitoka West Woods, kilomita 25 hivi kaskazini. Jambo hili lilithibitishwa mwaka 2020, kwa msaada wa kipande cha jiwe kilichotobolewa wakati wa matengenezo ya mwaka 1958, kikahifadhiwa na mmoja wa mafundi kwa miaka 60, kisha kikarudishwa. Mawe madogo ya rangi ya samawati yalitoka milima ya Preseli huko Wales, zaidi ya kilomita 200. Kisha mwaka 2024 ikabainika kwamba lile jiwe la tani sita lililolala katikati, liitwalo Jiwe la Madhabahu, lilitoka kaskazini-mashariki mwa Uskoti, zaidi ya kilomita 700.

ZUHURA: Ukilitazama hivyo, duara linafanana na baraza ambalo kila upande wa nchi umeleta kiti chake.

KOMBO: Ni dhana inayonivutia, nami nakiri kwamba naitaka iwe kweli, jambo ambalo ni sababu ya kuichunga.

ZUHURA: Turudi Afrika, kwa kuwa mara nyingi habari hizi huishia Uingereza kana kwamba mawe mengine hayapo. Katika Senegal na Gambia kuna zaidi ya makaburi na maduara 1,000 katika ukanda wa kilomita 350 kando ya Mto Gambia. Mwaka 2006 makundi manne, yaani Sine Ngayène, Wanar, Wassu na Kerbatch, yaliingizwa katika Urithi wa Dunia, yakiwa na maduara 93.

KOMBO: Na pale fundi anaonekana wazi zaidi, kwa sababu ya aina ya jiwe. Ni jiwe jekundu lenye madini ya chuma, ambalo likiwa bado ardhini huwa laini kiasi cha kuchongeka, na likipigwa na hewa hukakamaa. Wachongaji walikuwa na zana za chuma, wakatoa nguzo zilizolingana kwa ustadi, za mviringo au zenye pembe, kimo cha mita mbili hivi na uzito wa wastani wa tani saba. Karibu na Sine Ngayène machimbo yamegunduliwa umbali wa kilomita moja. Kwa hiyo hapa hakuna fumbo la usafiri wa maajabu. Kuna shughuli ya vizazi na vizazi, kuanzia karne ya tatu K.K. hadi karne ya 16.

ZUHURA: Na maana yake?

KOMBO: Ni makaburi, hilo halina ubishi mkubwa. Kilichobadilika ni ufahamu wa mpangilio. Uchimbaji wa Wanar umeonyesha kwamba maziko yalitangulia na mawe yakafuata, na upande wa mashariki, mbele ya nguzo za nje, watu waliendelea kuja kuweka vyungu. Yaani duara halikuwa kazi iliyokamilika siku moja. Mtu alizikwa, kisha wakarudi na nguzo, kisha wakarudi na vyungu.

ZUHURA: Sisi tumezoea kuuliza lilijengwa lini, kana kwamba kuna siku ya uzinduzi.

KOMBO: Na tumezoea kuuliza ni mfalme gani aliamuru. Nenda Lothagam Kaskazini, upande ule ule wa Turkana tulikoanzia. Kati ya miaka 5,000 na 4,300 iliyopita, wafugaji wa mwanzo, wakati ziwa lilipokuwa linakauka na malisho yanahama, walijenga jukwaa la mawe lenye upana wa mita 30, wakachimba shimo kubwa katikati, wakazika humo watu wanaokadiriwa kuwa wasiopungua 580, kisha wakaliziba na kuweka nguzo za mawe. Utafiti huo ulitolewa mwaka 2018. Walizikwa wanaume kwa wanawake, watoto wachanga kwa wazee, na karibu kila aliyechunguzwa alikuwa na pambo lake. Mmoja alikuwa na pambo la kichwa lililoshonewa zaidi ya meno 400 ya mbele ya panya wa jangwani.

ZUHURA: Ngoja kidogo. Panya mmoja ana meno manne tu ya mbele.

KOMBO: Basi fanya hesabu: zaidi ya panya 100, mmoja mmoja kategwa, kang'olewa meno, yakapangwa safu kwa safu. Halafu hakuna kaburi la chifu, wala upande wa matajiri. Mnara mkubwa kuliko yote ya aina yake katika Afrika Mashariki haukuhitaji bwana mkubwa wa kuwasimamia watu.

ZUHURA: Nimalizie na Wassu, Mwalimu. Wageni wanaofika pale huokota kijiwe na kukiweka juu ya nguzo, na leo nguzo nyingi zimebeba vijiwe kichwani. Ukiuliza sababu, utaambiwa ni baraka, ama ni ombi, ama ni kwa sababu aliyetangulia alifanya hivyo.

KOMBO: Nawe ungeweka?

ZUHURA: Ningeweka, kisha ningeangalia kama hujanitazama.