Vidole vya Elizaveta Svilova

Asanteni kwa kuja. Tuanze na farasi. Farasi mweupe anakokota gari lenye abiria, anakimbia barabarani, mara kimya: amesimama hewani. Hakuna aliyemvuta hatamu, ni picha iliyoganda. Zinafuata nyuso za watoto, nazo zimeganda. Kisha tunauona mkanda wenyewe na vitundu vyake vya pembeni, rafu zilizojaa vibunda, na mwanamke mezani na makasi yake. Anachagua kipande, anakikagua, na mtoto yule anaanza kucheka.

Mwanamke huyo ndiye anayehariri filamu hiyohiyo mnayoitazama, Mtu na Kamera ya Sinema, ya mwaka 1929. Ni Elizaveta Svilova, mzaliwa wa Moscow wa mwaka 1900, aliyeingia kwenye kazi ya mikanda angali binti, kabla ya mapinduzi ya Urusi ya 1917.

Enzi hizo kuunganisha mikanda kulihesabiwa kazi ya wanawake, ndugu wa ushonaji. Filamu inalijua hilo na kulifanyia utani: mkono unapaka gundi kwenye kiungo cha mkanda, papo hapo sindano inapita kitambaani, kisha cherehani.

Inasimuliwa kwamba Dziga Vertov, mwongozaji wa filamu hii, alipoanza kuleta vipande vifupi mno, waunganishaji walidhani ni takataka wakavitupa. Svilova akamwonea huruma, akajitolea kufanya naye kazi. Baadaye wakaoana. Pamoja na Mikhail Kaufman, mdogo wake Vertov aliyeshika kamera, wakajiita Baraza la Watatu.

Filamu ile ina vipande zaidi ya 1,700 katika dakika 68 hivi. Vijana wangu, hapakuwa na kitufe cha kurudisha ulichoharibu. Ni jicho, makasi, gundi, na kukumbuka kipande kipi kiko rafu ipi. Halafu someni majina mwanzoni: Svilova ameandikwa msaidizi wa uhariri. Msaidizi! Neno hilo huniudhi kila nikiliona.

Mwaka 1945 aliletewa mikanda iliyopigwa Auschwitz, kambi ya mauaji ya Wanazi, na wapigapicha wa Kisovieti, akaiunganisha. Hiyo sitaionesha leo.

Vertov alifariki mwaka 1954, karibu amesahaulika. Svilova aliishi hadi 1975, akikusanya na kupanga karatasi na filamu za mumewe, nyingine zikafika hadi Makumbusho ya Filamu ya Vienna.

Haya, wewe uliye pale nyuma, tuzimie taa. Safari hii mwacheni farasi, tazameni vidole.