Kuthibitisha nia katika kesi za mauaji ya kimbari

Wanasheria wenzangu, wanafunzi, na ninyi wengine mliofika jioni hii, karibuni.

Tuanzie Arusha, kwenye Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda iliyoundwa na Umoja wa Mataifa kuhukumu mauaji ya 1994, tarehe 18 Desemba 2008. Kanali Théoneste Bagosora, aliyekuwa mkurugenzi katika Wizara ya Ulinzi ya Rwanda, anasomewa hukumu baada ya siku 408 za kusikilizwa kesi na mashahidi 242. Anatiwa hatiani kwa mauaji ya kimbari. Lakini kwa shtaka la kula njama ya kutenda mauaji hayo hayo, anaachiwa. Mtu yule yule, jalada lile lile, iweje? Shikeni swali hilo, tutalirudia.

Kifungu cha 2 cha Mkataba wa 1948 wa Umoja wa Mataifa dhidi ya mauaji ya kimbari kinataja matendo matano: kuua, kudhuru vibaya mwili au akili, kuliwekea kundi hali ya maisha ya kulimaliza, kuzuia uzazi, na kuhamisha watoto kwa nguvu. Matendo peke yake hayatoshi. Yawe yamefanywa kwa nia ya kuangamiza, lote au sehemu yake, kundi la kitaifa, la kabila, la rangi au la dini, kwa kuwa ni kundi hilo. Kwa hiyo ukishtaki kwa kuua, una nia mbili za kuthibitisha: kwamba mshtakiwa alikusudia kuua, na kwamba kwa kuua huko alitaka kundi liangamie. Ya kwanza mahakama zetu huishughulikia kila wiki. Ya pili ndiyo inayowatoa watu jasho. Tena msichanganye nia na sababu: aliyemuua jirani ili achukue ng'ombe wake bado anaweza kuwa na nia ya kuangamiza kundi la jirani huyo. Tamaa haimwokoi.

Wanaokiri ni wachache. Jean Kambanda, waziri mkuu wa serikali ya wakati wa mauaji, alikiri mwaka 1998. Kwa walio wengi, nia ilibidi isomwe katika matendo, na hukumu ya Jean-Paul Akayesu, mkuu wa komuni (eneo la utawala) ya Taba nchini Rwanda, ya tarehe 2 Septemba 1998, ndiyo iliyoonyesha pa kutazama.

Chukueni kizuizi cha barabarani. Kitambulisho cha Rwanda cha wakati ule kilikuwa na mstari wa "ubwoko", yaani kabila. Mtu anasimamishwa, kadi inasomwa. Mhutu anapita, Mtutsi anatolewa pembeni. Hapo aliyeruhusiwa kupita ni shahidi wa maana sawa na aliyenusurika panga. Wapelelezi hupenda kujaza jalada kwa picha za makaburi. Wingi wa maiti unasaidia, sikatai, lakini kuchagua nani afe na nani aachwe kunasema zaidi. Swali la kwanza kwa shahidi liwe: nani aliachwa, na nani aliamua?

Kisha maneno. Tarehe 19 Aprili 1994, kwenye mkutano wa Gishyeshye, Akayesu aliwahimiza watu waungane wammalize adui mmoja: washirika wa Inkotanyi, yaani wapiganaji wa RPF, kundi la waasi lililoongozwa na Watutsi. Neno la Kinyarwanda "ibyitso", ukifungua kamusi, ni washirika tu, ila wakati ule liliwalenga Watutsi. Na "inyenzi", neno jingine walilotupiwa Watutsi, ni mende, ila pia lilikuwa jina la wapiganaji wakimbizi wa miaka ya 1960, na wakili wa utetezi hataiachia maana hiyo. Mahakama ilimsikiliza mtaalamu wa isimu, ikapima neno katika Kinyarwanda chenyewe, ikauliza waliohudhuria walielewa nini, halafu ikatazama kilichofuata Taba baada ya mkutano. Hotuba iliyoletwa ikiwa tafsiri tupu, bila hayo, haifiki mbali.

Sasa turudi kwa Bagosora. Kwa njama, upande wa mashtaka ulileta orodha za majina, silaha na mafunzo kwa wanamgambo, waraka wa 1992 uliomfafanua adui. Ukivitazama pamoja, mwili unasisimka. Majaji waliuliza kitu kingine: je, hitimisho la njama ndilo pekee linaloingia akilini? Nchi ilikuwa vitani na RPF, na maandalizi yale yangeweza pia kuwa ya vita au ya kugombea madaraka. Maelezo mengine yalibaki yamesimama, shtaka likaanguka. Kwa yaliyotendeka baada ya tarehe 6 Aprili 1994, ndege ya Rais Habyarimana ilipotunguliwa na mauaji kuanza, maelezo hayo hayakusimama tena, ndiyo maana kwa mauaji ya kimbari yenyewe alitiwa hatiani. Hivyo kabla ya kufungua kesi, andika mwenyewe utetezi bora kuliko wote unaouogopa, kisha tafuta ushahidi wa kuuvunja. Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliyoko The Hague, inayoamua migogoro kati ya nchi, nayo ilishika kipimo hicho mwaka 2015, katika kesi ya Croatia dhidi ya Serbia.

Mtego wa mwisho ni kujua. Jenerali Radislav Krstić wa jeshi la Waserbia wa Bosnia alijua kilichokuwa kikiendelea Srebrenica, Julai 1995, wanaume na wavulana Waislamu walipouawa kwa maelfu, na askari wake walitumika. Rufaa yake ya 2004, kwenye mahakama ya kimataifa ya iliyokuwa Yugoslavia, ilisema kujua nia ya wenzako si kuwa nayo. Akabaki na kosa la kusaidia, miaka 35.

Ndiyo maana hati ya mashtaka isibebe kimbari peke yake. Goran Jelisić, Mserbia wa Bosnia aliyeua wafungwa kambini, aliachiwa shtaka hilo na mahakama hiyo ya Yugoslavia mwaka 1999, kwa kuwa aliua ovyo ovyo na nia ya kuangamiza kundi haikuthibitika. Kwa uhalifu dhidi ya ubinadamu na uhalifu wa kivita uliokuwa kwenye hati ile ile, alifungwa miaka 40.