Joan Chen Hakungoja Kupewa

Mabibi na mabwana, nimeshalisema hili mara nyingi na leo nalirudia: mwigizaji wa kike akiongoza filamu, watu huuliza nani kampa. Kwa Joan Chen, swali hilo halina mashiko.

Uigizaji wake mnaujua. Binti wa Shanghai, akatamba China nzima akiwa bado mdogo, 1981 akaenda Marekani, 1987 akawa mke wa mfalme katika The Last Emperor. Huko siendi.

Twende kwenye Xiu Xiu: The Sent Down Girl, ya 1998, filamu ya kwanza aliyoiongoza. Muswada aliuandika na Yan Geling, kutokana na hadithi ya Yan mwenyewe. Enzi za Mapinduzi ya Utamaduni, kampeni ya Mao ya 1966 hadi 1976 iliyowapeleka vijana wa mjini mashambani, msichana wa Chengdu anapelekwa mbugani, karibu na Tibet, akajifunze ufugaji wa farasi kwa Mtibeti aitwaye Lao Jin. Miezi sita tu, anaambiwa. Inapita, na hakuna anayekuja kumchukua. Mwishowe anautoa mwili wake kwa kila anayedai ana uwezo wa kumpatia karatasi za kurudi kwao.

Kuna lile bwawa dogo. Lao Jin anachimba shimo kilimani na kulijaza maji ili binti aoge, kisha anampa mgongo. Hasemi kitu. Mwongozaji aliyewahi kusimama mbele ya kamera anajua mgongo wa mtu nao unaigiza, kwa hiyo haogopi kimya kile.

Kibali cha kupiga filamu ile China hakuwa nacho. Akapiga. Serikali ikamtoza faini na kumpiga marufuku kwa muda kufanya filamu huko. Najua mmoja wenu atasema sheria ni sheria, angeomba. Angeomba kwa nani? Filamu inaonyesha wakubwa wakimla binti wa watu kwa ahadi ya kibali, halafu aipeleke kwa wakubwa waigonge muhuri?

Mwaka huohuo wa 1998, Golden Horse, tuzo za filamu za Taiwan, zikaipa Xiu Xiu 7, ikiwemo ya filamu bora na ya mwongozaji bora.

Mwaka 2000 Hollywood ikamkabidhi Autumn in New York, pamoja na Richard Gere na Winona Ryder. Mle mkono wake siuoni, niseme wazi.

Muda umenitupa mkono. Wapo waigizaji wengine wa kike wa China walioongoza. Yuko Xu Jinglei, mwongozaji bora katika tamasha la filamu la San Sebastián, Hispania, 2004. Yuko Jia Ling: Hi, Mom, 2021, aliiongoza na kuigiza, ikaingiza zaidi ya yuan bilioni 5. Hao siku nyingine. Itafuteni kwanza Xiu Xiu, muitazame mpaka mwisho, ndipo tubishane.