Mchungaji mwenye penseli

Asante, Mwenyekiti. Sitaeleza Amy Grant, yule mwimbaji wa injili wa Marekani, ni nani. Mtu anayeacha shughuli zake kuja kusikiliza mhadhara juu ya albamu yake ya 1991, *Heart in Motion*, anamjua, na asiyemjua ameketi jirani na atakayemnong'oneza. Nianze na mchungaji wangu.

Naona wengine mmeshaanza kutabasamu. Ndiyo, yule yule wa penseli. Vumilieni, leo tuna wageni.

Mchungaji huyu, mtu mwema, Mungu amzidishie, alinikuta nikisikiliza kaseti ya albamu hii. Akaniomba niirudishe mwanzo. Akachomoa karatasi na penseli, akaketi. Nikadhani ameguswa, anataka kunakili maneno. Kumbe anahesabu! Jina la Yesu likitajwa, kijistari kimoja. Wimbo wa kwanza ukapita, penseli imetulia. Wa pili, "Baby Baby", penseli imetulia, ila pembeni aliandika "mpenzi gani?" na alama ya kuulizia kubwa kama ndoana. Wa tatu, wa nne, wa tano. Ulipokwisha wa 8 aliikunja karatasi, nyeupe vile vile, akanikabidhi kaseti kwa ncha za vidole, kama mtu aliyeshika panya mfu. "Mwanangu," akasema, "huyu dada ameshatutoka."

Albamu hiyo ina nyimbo 11.

Na huo wa 11, "Hope Set High", unamtaja Yesu kwa jina lake, bila fumbo, kwamba jema lolote litupatalo maishani limetoka kwake. Penseli ilichoka zikiwa zimebaki nyimbo tatu tu!

(Kicheko)

Ngojeni, msicheke bado. Sisemi kwamba wimbo wa 11 ndio unaoiokoa albamu. Hapo ndipo watu huninukuu vibaya. Nikisema hivyo nitakuwa nimeiokota penseli ile ile na kuendelea kuhesabu. Ninachosema, na nimekisema mpaka nyumbani kwangu wamekatazana kuniuliza, ni kwamba kuhesabu si kusikiliza. Aliyehesabu hakusikia wimbo wa pili, na kibaya zaidi, hakusikia wa tano.

Chukueni wa pili. Keith Thomas, mmoja wa watayarishaji wa albamu, alitengeneza muziki wake. Amy Grant akaandika maneno, na aliyekuwa machoni pake ni binti yake mchanga wa wiki 6. Hili si siri niliyoifukunyua mimi. Kwenye maandishi ya albamu yenyewe wimbo umetolewa kwa mtoto huyo, na wiki 6 zake zimetajwa. Kwa hiyo jibu la "mpenzi gani?" ni: yule ambaye hajaota hata jino. Mama amekesha, anatazama uso usioweza hata kumwita, naye amepumbaa kwa furaha. Usikilizeni tena mkijua hivyo, muone kama kiitikio hakibadiliki masikioni.

Najua, pale nyuma kuna mtu anataka kusema "lakini video". Haya, video. Ndani ya video hakuna mtoto. Kuna kijana mtanashati, naye si Gary Chapman aliyekuwa mume wake wakati huo, na wanakumbatiana na kuchezeana. Waumini wengi Marekani walikasirika, na mimi siwacheki. Ukichukua wimbo wa mtoto mchanga ukauvika kijana mtanashati, usishangae watu wakimtazama kijana. Hilo ni kosa la picha, na nakubali ni kosa. Lakini ndugu zangu, tangu lini tukahukumu albamu ya nyimbo 11 kwa dakika nne za kukumbatiana?

Mwingine ataniambia ilikuwa tamaa ya fedha, aliiacha injili akafuata chati mwaka 1991. Jamani, kalenda. Mwaka 1985, albamu ya *Unguarded* ilikuwa tayari inauzwa na kampuni mbili za muziki, Myrrh kwenye maduka ya Kikristo na A&M kwenye maduka ya kawaida. Mwaka 1986 alikuwa namba moja kwenye Billboard Hot 100, chati kuu ya nyimbo Marekani, pamoja na mwimbaji Peter Cetera, katika wimbo wa mapenzi, mapenzi kabisa, si ya mtoto. Mlango ulikuwa wazi miaka mitano, nyinyi mkausikia ukibamizwa siku "Baby Baby" ilipokaa namba moja wiki mbili! Kilichowauma wengi, nadhani, ni kwamba bado walikuwa wanadai "El Shaddai" nyingine. Wimbo mkubwa, sibishi, na *Age to Age* ya 1982 iliyoubeba ni albamu kubwa. Ila hata huo hakuutunga yeye. Waliutunga Michael Card na John Thompson. Alipoandika kutoka jikoni kwake mwenyewe, mkasema amepotea.

(Mwenyekiti anaonyesha saa)

Nimeona, Mwenyekiti. Dakika kumi? Tano. Haya.

Wimbo wa tano, "Ask Me". Ni wa mwanamke aliyeharibiwa utotoni na mtu mzima. Sitalipamba neno: alinajisiwa. Wimbo unamtazama akiwa mtoto anayecheza, unamtazama akiwa mtu mzima anayeanza kurudi kwenye uhai, halafu unauliza swali ambalo mahubiri mengi huliruka: Mungu alikuwa wapi? Jibu lake si la haraka haraka. Linasema alikuwa humo humo, katikati ya maumivu, katikati ya aibu. Mnaweza kubishana na jibu hilo. Mimi mwenyewe kuna siku huwa nalibishia. Lakini hebu fikirieni, mwaka 1991, albamu ya pop yenye kinanda cha kumeremeta na ngoma za mashine, kabla ya wimbo huo ni nyimbo tatu za kuchezeka na mmoja wa polepole wa mapenzi, halafu ghafla hilo. Ni makanisa mangapi yalikuwa yanalitaja jambo hilo kwa sauti?

Na penseli ya mchungaji ilipita hapo bila kuandika chochote. Mungu anaulizwa katikati ya wimbo, lakini halikuwa jina alilokuwa analihesabu.

Nilitaka kuwaeleza pia kuhusu "Hats", mama anayebadilisha kofia za kazi, ndoa na malezi mpaka kichwa kinamuuma, na kuhusu sauti ya studio, watayarishaji wengine, Michael Omartian alifanya nini na Brown Bannister alifanya nini. Siku nyingine. Tuzo, kwa kifupi: iliteuliwa kuwania Grammy ya albamu ya mwaka, ikashindwa na *Unforgettable* ya Natalie Cole, na hapo sina kinyongo. Mwaka 1992 Dove, tuzo za watu wa muziki wa injili wenyewe, zikampa msanii wa mwaka. Yaani lawama kwa mkono huu, tuzo kwa mkono ule. Mauzo, nakala zilizothibitishwa Marekani ni milioni 5, ingawa mauzo hayathibitishi chochote. Nilisema sitahesabu, nami nimehesabu.

Ndiyo, mama? Hapana, sauti haifiki. Kama mchungaji alibadili mawazo? Nilimpelekea kaseti tena, nikiwa nimeisogeza hadi mwanzo wa wimbo wa 11. Akausikiliza mpaka mwisho. Akachukua penseli, akapiga kijistari kimoja, akanitazama, akasema, "Kimoja."

(Kicheko)

Fundi mitambo, tuwekee basi wimbo mmoja kabla hawajazima umeme. Si wa pili, tafadhali, huo kila mtu ataucheza nyumbani. Wa tano.