Al-Buni: mwanachuoni aliyeandikiwa kitabu baada ya kufa

Karibuni, mabibi na mabwana. Leo tunazungumzia watu wawili wenye jina moja. Wa kwanza aliishi kweli: Ahmad bin Ali al-Buni, aliyenasibishwa na Buna, mji ambao leo ni Annaba nchini Algeria. Alikuwa sufi, na mwaka 1225 alikuwa Cairo, vitabu vyake vikisomwa mbele ya wanafunzi huko Qarafa, kwenye makaburi. Wa pili ni mchawi mkuu anayesimuliwa, bwana wa majini, ambaye kitabu chake wengine wanaogopa hata kukiweka ndani. Huyo wa pili ni kazi ya wanakili.

Ushahidi umo ndani ya kitabu chenyewe. Lile juzuu nene linalouzwa kwa jina la Shamsul Maarif al-Kubra lina silsila za walimu, yaani minyororo ya nani alimfundisha nani, zenye majina ya watu waliokuja baada ya al-Buni kufariki. Mwanafunzi hapokei ijaza, yaani ruhusa ya kufundisha, kwa mwalimu ambaye bado hajazaliwa. Kitabu chake halisi chenye jina karibu na hilo kipo, lakini ni kingine. Mwanahistoria Ibn Khaldun, karne ya 14, anamtaja pamoja na Ibn Arabi kama sufi wa siri za herufi.

Tuache majini, tuingie kwenye hesabu, maana ndiko ilipo elimu inayobeba jina lake, na ndiko waganga wa kitabu wa pwani yetu wanakokosea zaidi. Kila herufi ya Kiarabu ina thamani yake kwa abjadi. Chukueni jina Salaam: sini 60, lamu 30, alifu 1, mimu 40. Jumla 131. Lakini hiyo ni abjadi ya Mashariki. Huko Maghribi, alikotoka al-Buni, sini ni 300, na jina lilelile linatoa 371. Ukichukua thamani za kitabu kimoja ukazitia kwenye jedwali la kingine, umeharibu kabla hujaanza.

Sasa tazameni ubaoni, tuiweke ile 131 kwenye jedwali ambalo kila mstari lazima utoe jumla hiyo. Jedwali la nne kwa nne lina nyumba 16, na mpangilio wake wa asili ni huu:

8 – 11 – 14 – 1
13 – 2 – 7 – 12
3 – 16 – 9 – 6
10 – 5 – 4 – 15

Namba hizi zinaonyesha zamu ya kujaza. Toa 30 kwenye 131, inabaki 101. Gawa kwa nne: 25, baki 1. Nyumba ya kwanza inapata 25, ya pili 26, unaendelea hivyo hadi ya 12 yenye 36. Ukifika ya 13, ongeza ile baki: badala ya 37 andika 38, kisha 39, 40, 41. Baki ikiwa 2, ruka namba moja kuanzia nyumba ya 9. Ikiwa 3, kuanzia ya 5. Mstari wa juu unasomeka 32, 35, 39, 25, yaani 131. Mingine yote, pamoja na mishazari, inatoa hivyohivyo.

Kwa nini msijaze la tatu kwa tatu, lile maarufu la mwanachuoni Ghazali lenye jumla ya 15? Kwa sababu 131 ukitoa 12 na kugawa kwa tatu inabaki 2. Misitari ya kulala na ya kusimama itakaa sawa, lakini mshazari wenye nyumba za 4, 5 na 6 utatoa 132. Jedwali hilo halivumilii baki. Wengi hulichora hivyohivyo kwa zafarani na maji ya waridi, wakaliosha likawa kombe, na mgonjwa akanywa hesabu mbovu.

Kosa jingine ni la nukta. Jimu, ha na kha zina umbo moja, ila thamani zake ni 3, 8 na 600. Mnakili akisahau nukta moja, jina zima linabadilika, na hapo hakuna jedwali la kukuonya, kwa sababu litajumlika vizuri tu kwa jumla isiyo yake. Kosa la tarakimu ndani ya nyumba moja ndilo rahisi kulikamata: jumlisha misitari minne ya kulala, kisha minne ya kusimama. Ule wa kulala uliopotoka na ule wa kusimama uliopotoka vinapokutana, nyumba hiyo ndiyo iliyokosewa, na tofauti ya jumla inakuambia imezidi au imepungua kwa kiasi gani.